Bwana Yangu na Kipoyi

Bwana yangu alichoka Goma. Hakuchoka vita wala vumbi, alichoka vitu. Aliona kwenye telefone wazungu fulani wanaishi porini bila kununua kitu, basi akauza televizyo, frigo na viti vya harusi yetu, akanipandisha Kibabi, kule milimani, kwenye shamba la baba yake. Nami nikafuata, mujinga mwingine.

Sitadanganya, maharagi yetu yalikuwa matamu. Lakini sabuni yake ya majivu ilitoa ngozi ikaacha uchafu, na neno lake lilikuwa moja: "Hapa hatuombi muntu kitu." Kibabi, mahali ambapo kuomba chumvi njo kusalimia.

Ubaya ulikuja na kipoyi. Kule mugonjwa anateremshwa kwa kitanda cha miti, begani. Kila lupango, ni kusema kila boma la nyumba, wabebaji wanaita, wanaume wa pale wanatoka, wanapokea mpaka lupango ingine. Wakiita kwetu, bwana alikaa ndani. "Mimi sitawaomba wanibebe, kwa nini waniombe?" Nilitamani kumupiga na mwiko.

Kisha nikashikwa na uchungu wa kuzaa. Mvua ilikuwa imekata barabara, pikipiki hazipiti. Muganga wa kijiji akagusa tumbo, akasema mutoto amelala kingamo, lazima opération, lazima hospitali ya Kirotshe, kule chini ziwani. Mimi niliogopa kufa, bwana aliogopa kuita watu. Akaniweka mugongoni, ati atanibeba peke yake mpaka ziwani. Tulianguka kwenye muteremko wa kwanza, wote wawili ndani ya matope.

"Ita," nilimuambia. "Ita, ao nikufie hapa."

Akaita, sauti ndogo kabisa. Wa kwanza kufika alikuwa jirani yetu wa juu, yule ambaye mama yake alipitishwa mbele ya mulango wetu, na bwana hakutoka. Alikuja na kipoyi na watoto wake wanaume, wakaniinua.

Katikati ya njia jirani akamuachia bwana muti wa mbele: "Papa, ingia." Alibeba vibaya kuliko wote. Nilimutukana mpaka ziwa likaonekana.

Kirotshe walimutoa mutoto muzima. Yaliyofuata bwana aliniambia mwenyewe, akilia, maana mimi nilikuwa ningali ndani, wananishona. Alitoka nje kuwaambia wale wanaume aksanti, sasa warudi kwao, mutoto amelia.

"Mutoto tumesikia," jirani akasema, amekaa chini, bila kusimama. "Tunangojea mama."