Mazishi ya Mamake Dancan na Filamu ya Mfaransa

Nimewahi kuona mwanaume mzima akimzika mamake kwa filamu ya wanyonya damu.

Usicheke. Nilikuwepo, na mimi ndiye niliyeiweka.

Ilikuwa Ijumaa mchana, chumbani kwetu Al-Baghdadiyah, Jeddah. Mamake Dancan, dereva mwenzangu, alikuwa anazikwa Vihiga. Kafili wake, yule mwajiri anayeshikilia kibali chake, aliyeko Riyadh, alimwambia mafi safari, halas: hakuna safari, basi. Ikabidi ayafuate mazishi laivu kwa simu.

Pasta akasema, "Tuinamishe vichwa." Mtandao ukakwama hapo hapo.

Tukazima, tukawasha. Wapi. Pasta bado ameinama.

Nilimwona Dancan anavunjika, nikasema wacha nimchangamshe. Nyumbani nilikuwa natafsiri filamu kwenye kibanda cha video: zinaongea zao, mimi naongea yangu kwa maiki, watu wanavunjika mbavu. Nilikuwa na flashi ya kijana wa bosi. Wanyonya damu. Nikaichomeka kwenye TV, nikijua hapo kuna vita.

Vita gani? Kijana alisema huyo mwongozaji Mfaransa hata kwao hawamtambui, na sasa nilijua sababu. Wasichana wawili wenye meno marefu wanatembea ufuoni. Wanatembea. Bado wanatembea. Hakuna anayeng'atwa.

"Elkanah, hao wanaenda wapi?" Morgan, mwenzetu wa chumba, akauliza.

"Wanatafuta mutura, ile soseji ya damu."

Hakuna aliyecheka. Nilikuwa nimekasirika hadi masikio yanawaka.

Kisha wakafika kwenye jeneza. Ndani alikuwa mama yao. Nikaharakisha kupotosha.

"Na hapa wamepata kabati la..."

"Ni jeneza," Dancan akasema. "Nyamaza, ndugu yangu."

Nilinyamaza, na iliniuma. Wasichana wakambeba mama yao polepole, wakamlaza mchangani, wakawasha mshumaa. Dancan akasimama na kuvua kofia.

Simu ikarudi. Sote tukairukia.

Kule Vihiga kaburi lilikuwa limeshafunikwa. Watu walikuwa kwenye foleni ya chakula.

Nilitaka kuipiga ile simu ukutani.

Dancan aliitazama kidogo, akaizima mwenyewe. "Rudisha pale wanapombeba," akaniambia. "Na usiseme kitu."

Nikarudisha. Ule mshumaa ulipowashwa, akaanza wimbo wa mazishi wa kwao, chini chini. Morgan akaingia na besi. Mimi nilishika rimoti tu.

Mwenzako akifiwa, si lazima umchekeshe. Kaa naye, ufunge mdomo. Nakwambia mimi, ambaye mdomo ndio ulikuwa unanilisha.