Faida ya Nani?

Mume wangu alirudi kutoka kwa baraza akiimba. Nilimsikia kabla sijamwona. Wakati huo tulikuwa bado Khwisero, kwenye kile kipande alichoachiwa na baba yake, kipande chembamba ambacho kuku wako akitaka kujinyoosha anajikuta kwa jirani. Nilikuwa na mimba ya pili, miguu imevimba, nimekaa chini nachambua maharagwe.

"Mama watoto, tumepata!" akasema. "Ekari kumi na tano, Lugari, shamba la mzungu. Na tena liko na faida."

"Faida gani?"

"Afisa amesema kwa mdomo wake. Tutalipa pole pole, miaka thelathini, pamoja na faida. Watu wote wamepiga makofi."

Nikaacha maharagwe. "Faida ya nani?"

"Ya nani tena? Si yetu? Ni nani atalima, afisa?"

Kwetu neno faida halina mafumbo. Mama ananunua kuku Khwisero, anampeleka Kakamega mjini, anamuuza, na kile kinachobaki mkononi baada ya kurudisha pesa ya kununulia ndiyo faida. Faida inarudi nyumbani kwa kikapu. Faida ni sukari na sabuni. Hakuna mtu kwa lile baraza aliyewahi kusikia faida inayotoka kwako kwenda kwa mwingine, kwa hivyo walipiga makofi. Ningekuwa wao ningepiga.

Lakini mimi nilikuwa nimesoma sekondari, na kwa kitabu cha hesabu kulikuwa na bwana mmoja Mwingereza ambaye kazi yake ilikuwa kukopa. Kila wiki anakopa pauni, na sisi wasichana kwa sketi za kijivu tunamhesabia atarudisha ngapi baada ya miaka kadhaa. Tulimcheka. Tulisema huyu bwana hana mke wa kumkanya? Mwalimu hakusema hata siku moja kwamba bwana huyo anaweza kuwa mume wako, amevaa kaptura, anatoka baraza akiimba. Na yale yote tuliyasoma kwa Kiingereza. Sikujua kwamba lile neno la hesabu, interest, likivuka kuja kwa Kiswahili cha maafisa litavaa nguo ya faida.

Nikamwambia, "Baba watoto, nadhani hiyo faida ni ya mwenye kukopesha."

Mama yake, ambaye alikuwa anakaa nasi kwa sababu mume wangu ndiye kitinda mimba na kitinda mimba ndiye hubaki na mama, akajibu kwa niaba yake kutoka jikoni: "Mkamwana, hii shure yako inakuonyeshanga mabaya tu. Serikali ni yetu sasa. Bendera ni yetu. Mtoto wako anaweza kukula faida yako?"

Nilikasirika, lakini nilichoogopa hasa ni kitu kingine. Ili kupata malipo ya kwanza, mume wangu alitaka kumuuzia kaka yake kile kipande cha Khwisero. Nikamwambia auze ng'ombe, auze baiskeli, aniuze mimi akitaka, lakini kipande abaki nacho. "Mambo yakiharibika huko, tutarudi wapi?"

"Hakuna kurudi," akasema. "Mtu akipata nyumba kubwa, anarudi kwa jikoni kufanya nini?"

Akauza. Tukapanda lori na mama mkwe, kuku, sufuria, na mimi na tumbo langu.

Lugari ilikuwa baridi na pana. Usiku wa kwanza tulilala kwa zizi la yule mzungu, mahali alipokuwa anakamulia ng'ombe, chini sementi. Nyumba yake yenyewe ilikuwa imegeuzwa ofisi ya skimu, ule mpango wa serikali wa kutugawia mashamba. Mama mkwe alitazama ile nafasi yote asubuhi akauliza, "Sasa jirani nitamtukana vipi na sauti haifiki?" Tulicheka sote. Sitasema uongo, tulikuwa na furaha.

Mume wangu alijenga nyumba yetu mwenyewe. Udongo alikanda kwa miguu yake, na mimi nilikandika kuta na mtoto mgongoni. Aliweka bati, aliweka dirisha la mbao linalofunguka kuelekea barabara, kwa sababu alitaka anapokula obusuma yake, ugali wetu, aone nani anapita na yule anayepita amwone anakula. Mbele ya nyumba akapanda mierezi mstari mmoja. Akaniambia, "Hii miti ikizidi paa, tumemaliza na serikali."

Nilimuuliza amehesabu vipi. Alikuwa amechukua bei ya shamba, akagawanya kwa kile tunacholipa kila msimu. Kwake ilikuwa hesabu safi. Miaka thelathini ilikuwa ya wavivu. Sisi tungemaliza mapema tuanze kula ile faida.

Basi tukalipa. Mahindi yalikwenda kwa stoo ya serikali, na pesa ya skimu ilikatwa hapo hapo kabla haijagusa mkono wetu. Kilichobaki kilikuwa cha mbolea na mbegu. Watoto walivaa nguo za viraka kwenye shamba ambalo watu wa Khwisero walisema ni la matajiri. Nilipotaka viatu vya mtoto, mume wangu alinionyesha miti. "Vumilia. Iangalie, imefika dirishani." Mwaka mwingine, "Iangalie, imefika batini."

Ikazidi bati. Hakuna aliyekuja kutuambia tumemaliza.

Aliyekuja ni afisa, na alikuja kwa sababu viwavi walikuwa wamekula mahindi na tumechelewa kulipa msimu mmoja. Si yule wa baraza, ni mwingine, kijana wa rika langu, viatu vinang'aa. Nikampa chai. Mume wangu akaketi mbele yake na heshima zote, akasema msimu ujao atafidia, na kwa vile sasa deni limebaki dogo...

"Limebaki dogo?" afisa akauliza.

"Si tumelipa tangu uhuru?"

"Mzee, umelipa, ndiyo. Lakini sehemu kubwa ilikuwa faida. Deni lenyewe umeligusa kidogo tu."

Mume wangu akatabasamu, kama mtu anayesahihisha mtoto kwa upole. "Faida si ni yetu?"

Afisa akacheka. Hakucheka kwa ubaya, na hilo ndilo siwezi kumsamehe. Alicheka kama mtu aliyesikia kichekesho kizuri, mpaka akaweka kikombe chini. "Yenu? Mzee, faida ni ya aliyekukopesha. Unalipa bei ya pesa, halafu unalipa bei ya shamba."

Na mume wangu akacheka pia. Hiyo sauti bado ninaisikia. Alicheka ili mgeni asione alivyoumia.

Mimi sikucheka. Nikasema, "Kwa nini mlisema faida? Kwa Kiswahili cha vitabu kuna riba."

"Mama, tungesema riba, nani hapa angeelewa?"

"Na faida tumeelewa?"

Akaangalia viatu vyake. Akasema chai ni nzuri. Akaenda.

Mume wangu alibaki amekaa. Halafu akaniita kwa sauti ndogo, akasema, "Wewe ulisoma hii. Nionyeshe." Hakuwa amewahi kuniomba hivyo. Tukaenda kwa uwanja wa kuanikia mahindi, na nikampangia magunia matupu, kumi, kwa mstari. Nikamwambia, tuseme haya ndiyo tunayopeleka kwa mwaka. Deni likiwa bado kubwa, riba yake nayo ni kubwa, na ndiyo inakula kwanza. Nikavuta gunia moja upande wa barabara, na lingine, na lingine. Nilipoacha kuvuta, upande wa nyumba yalikuwa yamebaki magunia mawili, na la pili nilikuwa nimelikunja kwa sababu halikuwa zima.

"Haya ndiyo yanakwenda kwa shamba?"

"Haya ndiyo. Mwaka ujao yanaongezeka kidogo. Mbele kabisa, tukiwa wazee, yanakuwa mengi."

"Na mpaka mwisho, yote pamoja?"

Nilikuwa nimehesabu hiyo mara nyingi kichwani, nikikandika, nikipalilia, na sikutaka kuisema. "Mpaka mwisho tutakuwa tumelipa mashamba mawili na kipande. Tunapewa moja."

Akainama akaokota magunia moja moja, akayakunja vizuri, akayarudisha ndani ya nyumba. Akasema, "Na mzungu alilipa ngapi?"

Hiyo sikuwa na hesabu yake.

Tangu siku hiyo hakuitazama tena miti. Alilima kama mtu anayefukuzwa. Alikodi shamba la jirani juu ya letu, akapasua mbao za watu, akarudi na vumbi kifuani. Alitaka kulipa zaidi ya tunavyodaiwa, kwa sababu nilikuwa nimemwambia kwamba ukipunguza deni mapema, riba inapungua na miaka inapungua. Ni kweli, inapungua. Ni mimi niliyemwambia, na ningemwambia tena, kwa sababu ndiyo ukweli. Lakini kikohozi kilipoanza alisema ataenda hospitali akishapanda. Akishapanda akasema akishapalilia. Nikapiga kelele, nikatupa sufuria nje, nikamwita mjinga mbele ya mama yake. Mama yake akaniunga mkono, ndipo nikajua hali ni mbaya.

"Pesa ya hospitali ipo," akasema. "Lakini ni ile ya skimu."

"Skimu ingoje!"

"Haingojangi."

Tulimpeleka akiwa tayari hawezi kusimama. Daktari aliniuliza mlikuwa wapi. Nilitaka kumjibu kwamba tulikuwa tunalipa faida.

Alipofariki, kaka yake alikuja na lori kutoka Khwisero, na watu wa ukoo. Alilia vizuri, kisha akasimama mbele ya nyumba yetu, kofia mkononi, akasema ndugu yake atazikwa Khwisero kwa baba yake. "Hapa ni kwa deni. Hatuwezi kumlaza mtu wetu kwa shamba la watu. Kesho likiuzwa, mgeni atalima juu ya kifua chake."

Wazee wakakubali kwa vichwa. Na mimi nilijua kile kipande cha Khwisero sasa ni chake. Angemzika ndugu yake kwenye kipande alichonunua kwake, na wanangu wangekuwa wanaomba ruhusa kuona kaburi la baba yao.

Akaendelea, sauti ikiwa laini zaidi. "Na nyinyi msiogope. Matanga yakiisha, mila iko. Nitamrithi mke wa ndugu yangu, nitachukua watoto na shamba nilisimamie."

"Na deni," nikasema.

"Deni gani?"

"La shamba. Linarithiwa pia. Ukichukua shamba, jina lako linaingia skimu, na unalipa mpaka hao watoto wazae. Na faida yake, shemeji. Usisahau faida."

Mzee mmoja akakohoa kuficha kicheko, msibani pale. Shemeji akageuza kofia yake mkononi, akaiangalia ndani kama kuna kitu kimeandikwa, na tangu dakika hiyo mila haikutajwa tena.

Lakini neno lake la kwanza lilikuwa bado limesimama: hapa ni kwa deni. Lori lilikuwa limefunguliwa nyuma. Ndipo mama mkwe, ambaye tangu asubuhi alikuwa amekaa chini kando ya mwili wa mwanawe, akaniita.

"Mkamwana. Wewe ndiye ulisoma. Niambie bila kunificha. Hii shamba ni yetu ama si yetu?"

Watu wote wakanitazama. Ningeweza kumwambia ni yetu, na wangemzika. Lakini yule mama alikuwa amedanganywa na neno moja tayari.

"Mama, nyingi si yetu. Katika kila magunia kumi aliyopeleka, hata mawili hayakuingia kwa udongo. Ila hayo yaliyoingia ni yetu. Hayo hakuna mtu anaweza kusema hatukulipa."

Akafikiri. "Hayo yaliyoingia, yanatosha mtu kulala?"

Nikapima kwa macho ile nafasi kati ya nyumba na miti.

"Yanatosha, mama."

"Basi chimbeni."

Walichimba kati ya nyumba na mierezi, upande wa dirisha. Lori lilirudi Khwisero tupu.

Mvua ya kupanda iliponyesha nilikuwa peke yangu na jembe. Afisa alikuwa ameshapita kuniambia pole, na kwamba malipo ya msimu yako palepale, na mimi nikamwambia anajua anapoyapata, kwa stoo, kama kawaida. Nikalima kutoka barabarani kuja nyumbani. Nilipofika kwa kaburi sikuacha nafasi ambayo watu huacha. Nililima mpaka ukingoni kabisa, udongo wa kaburi ukagusana na udongo wa mahindi, kwa sababu kila mstari ni gunia, na kila gunia linakuja kuvutwa upande wa barabara.

Mama mkwe alinikuta hapo. Nilimngoja anikemee. Akasimama akatazama, akatema mate kando, akaingia jikoni. Akatoka na jembe lake, akaanza upande wa pili.