Aliyelala Mlangoni

Msimu wote wa masika, chumba chetu cha mtaa wa Mbotela kilinuka mafuta ya taa na blanketi bichi. Nyumba ya kaunsili ya jiji ilikuwa chumba kimoja: baba na mama kitandani nyuma ya pazia, sisi watoto sakafuni, na binti mkubwa mlangoni. Ndiyo ilikuwa desturi. Maji yakipenya chini ya mlango yamloweshe yeye kwanza, wadogo wabaki wakavu. Mkubwa wetu alikuwa Nekesa. Hata gunia la kuzibia mlango alitufunika nalo sisi. Baba, mtu wa reli, alimsifu mbele ya wageni, nao wakatikisa vichwa huku wakinywa chai. Alipoanza kukohoa, mama alimchemshia tangawizi kisha akamrudisha palepale. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Nilipomwuliza kama anasikia baridi, alinijibu, "Lala wewe, kichwa kama nyungu." Mvua ile hakuimaliza. Matangani watu wazima wakasema chema hakidumu. Chema gani? Kilikohoa masikioni mwao na hakuna aliyesogeza kitanda.

Juzi, hapa Donholm kwa binti yangu, mjukuu wangu Neema aliniketisha nitazame katuni ya Kijapani, sehemu ya kwanza. Sikusoma sana, lakini macho ninayo. Kijana anawagawia wenzake chakula chake, anapigwa badala yao, kisha anasimama mbele ya zimwi ili kijiji kizima kikimbie. Damu inamtoka, naye anatabasamu. Hakuna hata mmoja aliyegeuka nyuma. Nilichemka.

"Shosho, huyo ndiye staringi," Neema akasema. "Yeye hajijali."

"Na hao wenye miguu ya kukimbia wanaitwaje?"

Akacheka, akasema mimi huharibu filamu, na kwamba yeye anataka kuwa hivyohivyo. Nami nilijua hatanii. Ndiye mkubwa kwao, na kila siku nyama yake huishia kwenye sahani za wadogo zake wa kiume.

Watu husema watoto wa kike wa leo wana bahati. Kweli Neema ana kitanda, godoro na dirisha la kioo. Lakini sifa ni zilezile za baba yangu. Jioni hiyo akaanza tena kugawa nyama, na mama yake akafungua kinywa amsifu. Nikamwambia anyamaze. Nikazirudisha nyama zote kwenye sahani ya Neema, wavulana wakinitumbulia macho.

Neema akaninong'oneza nisijali, staringi hafi, sehemu ya pili yupo.

"Wetu alikufa katika ya kwanza," nikamwambia. "Kula."