Faili Ambalo Halikusomwa

Saa mbili na robo asubuhi. Barua imekwisha kuandikwa, imesomwa mara sita, na bado kidole cha Mkaguzi kinaning'inia juu ya kitufe. Nyuma yake dada yake, fundi cherehani anayegawana naye chumba hiki na waya mmoja wa umeme, amesimamisha mashine. Huisimamisha kwa msiba tu.

"Sahihisha kimyakimya, mdogo wangu," anamwambia. "Nani atajua?"

"Nitajua mimi."

Jina la Mkaguzi alipewa na majirani kwa utani, lakini hawakukosea. Kwa miaka saba mwanamke huyu ametunza peke yake maktaba ya programu: mkusanyiko wa vipande vilivyokwisha kuandikwa, ambavyo watengenezaji wengine huvichukua bure na kuvitia katika kazi zao. Maktaba yake husoma mistari ya programu kabla haijawashwa na kuichambua, ili makosa yaonekane mezani, si kazini. Zana kumi na moja za ukaguzi zinaitegemea.

Malipo? "Asante nne kwa mwaka, na matusi yasiyo na idadi," anasema. Riziki yake inatoka chuoni, anakofundisha kompyuta siku tatu kwa wiki.

Matusi hayo ndiyo yaliyomponza. Zamani maktaba ikikutana na faili lililoishinda kusoma, ilisimama, na ukaguzi wote ukakwama. Watu wakamjia juu. Miaka miwili iliyopita akaongeza mstari mmoja: likikushinda, liruke, uendelee. Akasahau kuiamuru iseme imeruka nini. Tangu hapo, faili ambalo halikusomwa kabisa likawa linatoka na jibu lilelile la faili safi: hakuna kosa.

"Nilitaka wanyamaze, wakanyamaza," anasema. "Nikadhani ni amani. Kumbe kimya kingi kina mshindo mkuu."

Mshindo ulikuja jana, kwa swali la upole kutoka kwa mhandisi wa hospitali. Faili lenye mistari elfu mbili, aliuliza, linakaguliwaje kabla sijapepesa macho? Faili lenyewe huendesha pampu za dripu katika wodi ya watoto wachanga. Mkaguzi alilijaribu mara moja tu, akaona: maktaba ilikuwa imeliruka. Akampigia simu palepale. Pampu zikazimwa, wauguzi wakaanza kuhesabu matone kwa macho.

Lakini hospitali ni moja, na zana ni kumi na moja.

"Wengine hukagua faili lililobadilishwa tu," anamweleza dada yake. "La zamani lilishapita, halirudi mezani. Nikinyamaza, nani atalifungua?"

"Watakuita mzembe."

"Bora lawama kuliko fedheha."

"Haya, bonyeza basi, roho yangu inaniuma."

Anabonyeza. Dakika kumi hazijaisha, majibu ya wenye zana yanamiminika. "Unajua umetufanyia nini?" anauliza mmoja. Mwingine anamshauri akauze nyanya. Mkaguzi anamjibu kila mtu kwa maneno yaleyale: kosa ni langu, kagueni upya mafaili yenu ya zamani leo. Chai aliyoletewa na dada yake inapoa pembeni.

Saa sita kasorobo, simu inaita. Ni mhandisi. Anaiweka mezani na kufungua spika.

"Dada, tumelisoma lile faili mstari kwa mstari. Lina kosa. Pampu ingezimika na kuwaka tena, ingeweza kurudia dozi."

"Na watoto?" anauliza Mkaguzi.

"Tumepitia kumbukumbu zote za wodi. Haijatokea hata mara moja. Wote wazima."

Mkaguzi analia, wala hajifichi. Dada yake naye analia, huku akimwambia anyamaze.

Akishapangusa uso, anasema alichoamua usiku: hakuna badiliko litakalotoka tena kabla ya jicho la pili kulipitia. Kwa miaka saba jicho hilo hakuwahi kuwa nalo.

"Toleo jipya liko tayari, kaka," anamwambia mhandisi. "Ila silitoi mpaka mtu mwingine alisome."

"Nitumie mimi."

Nusu saa baadaye unaingia ujumbe: "Mstari wa arobaini, dada. Hapa umekosea."

Mkaguzi anautazama mstari wa arobaini. Ni kweli. Anashusha pumzi, ya kwanza ndefu tangu jana.

"Asante," anaandika. "Endelea kusoma."