Shangazi Akijifunza Kushindwa

Shangazi yangu hajazoea kutoka ofisini mwa mtu mikono mitupu. Mtaani wanamwita Mama Kipaza, ingawa kipaza sauti hana wala hakihitaji. Mfereji wa maji machafu nyuma ya soko ulifunikwa kwa sababu alikaa mlangoni pa mkubwa mmoja akifuma sweta, mpaka mkubwa akachoka kumruka.

Kwa hiyo alipotuambia, kichwa kimejaa mvi, kwamba amepata nafasi kwenye mchezo wa kuigiza, mumewe alicheka mpaka akakohoa. Akasema huyu ameigiza miaka yote, ila sasa ndiyo anapewa jukwaa.

Mazoezi yalikuwa ukumbini juu ya karakana ya seremala, vumbi la mbao likipanda na ngazi. Shangazi alikuwa mjane anayefukuzwa nyumbani. Anaingia kwa mwenye nyumba, anaomba aongezewe muda, ananyimwa, anatoka kimya. Basi. Maneno aliyashika upesi kuliko vijana. Kutoka kimya ndiko kulikomshinda. Kila akinyimwa, anavuta kiti anakaa. Siku moja aliwageukia wale walioigiza wapangaji, akawaambia mtu asilipe kodi mpaka kieleweke. Wakakubali, mchezo ukaishia hapo.

Mwongozaji, binti mpole, alimwambia kwa adabu kwamba Ijumaa ikifika bado hajatoka mlangoni, nafasi itakwenda kwa mwingine. Shangazi akarudi amenuna. Jikoni, akimenya vitunguu, alisema yote aliyowahi kupigania yalikuwa ya watu. Hili ni lake, na analitaka.

"Si utoke tu, mama?" mumewe akamuuliza.

"Nitatokaje na yule kijana anayeigiza mwenye nyumba ananitazama? Mtu akinitazama najua bado anasikia. Na anayesikia, namuweza."

Kesho yake alimwomba yule kijana asimtazame kabisa, aendelee kufuta miwani yake. Kijana akafanya hivyo. Shangazi akaomba, akaomba tena, akabaki anaangalia kitambaa kinavyozunguka kwenye kioo. Mabega yakamshuka. Akatoka. Mwongozaji alisahau hata kusema basi.

Mchana wa mchezo, akina mama wa sokoni walijaa safu za mbele. Miwani ilipoanza kufutwa walianza kuguna. Shangazi alipogeuka kwenda mlangoni, muuza nyanya, rafiki yake wa siku zote, akasimama.

"Mama Kipaza, usitoke. Tuko nyuma yako."

Wengine wakaitikia. Mmoja alishavua viatu apande jukwaani. Shangazi akasimama, mkono kwenye kitasa, na mimi nikajua kwisha habari, sasa anawageukia. Hakuwageukia. Akafungua mlango taratibu, kama mtu asiyetaka kumsumbua mwenye nyumba, akaenda zake.

Mchezo ulipokwisha, muuza nyanya alikwenda moja kwa moja nyuma ya pazia. Akamwambia amewaaibisha: mtu mzima, na watu wote wale wapo, anatoka hivi hivi kama kuku kamwagiwa maji?

Shangazi alimsikiliza mpaka mwisho, uso umemng'aa.

"Kwa hiyo uliniamini?"

Muuza nyanya akafuta macho kwa kiganja, akamwambia hilo si swali la kumuuliza mtu aliyekasirika.