Bia ya Jemadari

Sura ya Ödön Kárász ilijulikana Budapest nzima, lakini jina lake hata wakata tiketi wa sinema hawakulijua. Kwa miaka arobaini ya kuigiza filamu alikuwa mhudumu wa mgahawa, bawabu, askari wa reli, na mara mbili maiti. Watu walimsimamisha kwenye tramu wakaanza, "Wewe si yule..." kisha wakakwama, naye akashuka kituo kisicho chake kwa hasira. Wenzake walimwambia subira huvuta heri. Yake, aliwajibu, imevuta mvi tu.

Ndipo mwongozaji kijana, Zsombor, alipompa nafasi ya jemadari wa Austria, yenye hotuba nzima na uso wake peke yake ukijaza kioo cha sinema. Ödön aliikariri jikoni mpaka mkewe Piroska naye akaijua. Lakini kabla ya hotuba, yeye na majemadari wenzake wa Austria walitakiwa kugonganisha glasi za bia, kushangilia kuuawa kwa majemadari wetu wa Hungaria. Wazee wanasema ni kwa kisa hicho cha kale sisi Wahungaria tuliapa. Divai tunagonga, pombe kali tunagonga, bia kamwe.

Piroska alimshauri afanye mazoezi kwa bia yenyewe. Akakataa, akajaza glasi maji.

"Bia haigongwi nyumba hii," alisema.

Siku ya kupiga picha aliinua glasi yake vizuri kabisa, kisha mkono ukazipita glasi za wenzake ukaenda moja kwa moja mdomoni. Wakarudia. Safari hii mkono ulikaribia, ukasita, ukarudi. Wenzake vijana, ambao siku hizi hugonga chochote, walianza kucheka.

"Mzee Ödön, hapa wewe ni Mwaustria," Zsombor alimsihi.

"Mimi najua. Uambie mkono."

Mazoea yana taabu. Walirudia hadi bia ikapoteza povu. Mwishowe alifumba macho akagonga kwa nguvu zote, glasi ya jirani ikapasuka na bia ikamlowesha jemadari mwenzake. Zsombor hakumfokea, na hilo lilimuuma zaidi. Alimvua sare taratibu, akampa nafasi yake kijana mmoja wa waliokuwa wakicheka. Ödön akapewa aproni nyeupe: yeye ndiye angeleta bia.

Aliileta. Akasimama nyuma na sinia, akisikiliza hotuba yake ikiborongwa. Alimchukia kijana yule, akamchukia Zsombor, lakini zaidi aliuchukia mkono wake mwenyewe.

Nyumbani Piroska alikuwa amepika kuku wa paprika kumpongeza. Ödön hakugusa chakula. Alimimina bia glasi mbili, akasimama, akaitoa hotuba tangu mwanzo hadi mwisho bila kukosea neno. Piroska alilia. Kisha Ödön akanyoosha glasi yake juu ya meza, na safari hii mkono haukusita.

"Gonga," alimwambia.

Piroska aliificha yake mapajani.

"Si nyumba hii, mume wangu."