Mkate wa tende niliowapelekea wakwe watarajiwa nikiwa nimefunga

Wakuu, assalaamu alaykum, na kwa wasio wa salamu hiyo, hamjambo.

Naandika nikiwa na saumu, hivyo nikitia chumvi katika habari hii najiharibia mwenyewe. Yaliyomo ndiyo yaliyotokea, hapa Mji Mkongwe, Ramadhani hii hii.

Mke wangu, Mama Salim, yuko Uroa anamhudumia binti yetu aliyejifungua. Alhamdulillah, mjukuu mzima, mama yake mzima. Aliyebaki hoi ni mimi.

Jirani yetu Bi Zuwena akanionea huruma, akaniletea futari. Huyu si jirani tu. Kabla ya mfungo tulimposea mwanangu Salim binti yake, Rahma, na jibu tulikuwa bado tunalingoja.

Mama Salim akapiga simu.

"Sahani ya Bi Zuwena ushairejesha?"

"Bado. Naiosha kila siku."

"Ole wako uirejeshe tupu! Posa haijajibiwa hiyo. Nunua kitu utie."

"Ntapika mkate wa tende mwenyewe."

Kisha nikamsikia anamwambia binti yetu, "Njoo umsikie babako."

Sasa, mtu aliyesomesha fiqhi chuoni umri wake wote ashindwe na unga? Nikatazama video kwenye simu, kijana anakanda huku muziki unapiga. Nikazima muziki, nikachukua elimu.

Unga, hamira, sukari, siagi, maziwa ya uvuguvugu. Hiliki niliitwanga kwa ukarimu mkubwa, ikafunika harufu ya kila kitu jikoni, na akili zangu pia.

Kwenye friji nikakuta bonge jeusi la kunata, limefungwa kwenye plastiki, kokwa zimeshatolewa. Nikamuombea Mama Salim dua kwa kunitayarishia tende. Nikalilainisha kwa maji ya moto, nikapaka, nikakunja, nikanyunyiza ufuta, nikatia kwenye oveni.

Hapa nisimame kidogo. Aliyefunga akiwa anapika anaruhusiwa kuonja kwa ncha ya ulimi na kutema. Wanawake wa mtaa huu huniuliza hilo kila Ramadhani, na kila Ramadhani huwajibu kuwa inajuzu. Lakini mimi, kwa ucha Mungu uliozidi ule wa vitabuni, sikuonja.

Mkate ukatoka mzuri wa kupigwa picha. Nikaupiga. Kabla ya adhana nikatia nusu kwenye sahani, nikafunika kawa, nikampelekea Bi Zuwena kwa mkono wangu, natembea kama bwana harusi.

Magharibi Salim akakata kipande. Akatafuna. Akaacha kutafuna.

"Baba, hizi tende zimekasirishwa na nani?"

Nikaonja. Ukwaju, wakuu. Ukwaju wa juisi wa Mama Salim! Waarabu huuita tende ya Kihindi. Nilimweleza Salim hilo, halikumfariji.

"Na kwao umepeleka?"

"Naam."

Akakaa chini, kichwa mikononi. Kijana huyu anamngoja Rahma tangu wamalize skuli, na mimi nimeichachusha posa yake kwa mikono yangu miwili. Tarawehe nilisali, lakini moyo ulikuwa mlangoni kwa Bi Zuwena.

Asubuhi Bi Zuwena akabisha hodi.

"Maalim, mkate ulifika."

"Mliula?"

"Mume wangu kasoma dua mara mbili. Ya kufuturu, na ya kuomba kinga."

Nikaanza kuomba radhi. Akanikata kauli.

"Ngoja. Rasmi atakuja kusema mjomba wake Rahma, mimi nakutonya tu. Mtoto hakuwa akimuogopa Salim, akiogopa jiko la Mama Salim. Mwanangu wali anauunguza, hata chai anaiunguza! Jana kaonja mkate wako, kacheka mpaka kapaliwa. Kasema, 'Mama, wajibuni ndiyo. Nyumba ile hapana wa kunitoa kasoro.'"

Alhamdulillah. Elimu yangu yote haikuwahi kumpatia mwanangu mke. Ujinga wangu umempatia kwa mkate mmoja.

Nilichojifunza: ruhusa aliyoiweka Mola itumie. Kuikataa si ucha Mungu, ni kiburi kilichovaa kanzu.

Wanaojua mapishi wanielekeze, wanaojua fiqhi wanisahihishe kwa adabu, na wanaotaka kunicheka wasubiri wafuturu kwanza. Mkate uliobaki upo mezani. Mwenye ujasiri apite.